Jiko la Kioo na Mke wa Kijana Wangu

Mimi jikoni sishindwi. Nasema hivyo mapema ili msomaji asidhani nilipewa kitu cha watoto nikapotea ndani yake. Niliishia darasa la sita huko karibu na Naitiri, nikaja Kitale kuosha sufuria katika hoteli ya mtu, na leo nina hoteli mbili zangu, moja Kitale karibu na soko, nyingine Kimilili, na zote mbili hujaa kabla ya saa saba mchana. Wale tuliosoma nao wakaendelea mpaka chuo huja kukaa kwa meza zangu, nami huwaongezea supu bila kuwakumbusha kitu. Kwa hivyo kijana wangu aliponiletea jiko ndani ya kioo, nilijua hilo jiko ndilo limekutana na mwenyewe.

Ilikuwa wakati nilipovunjika mguu. Niliteleza kwenye ngazi ya nyuma ya hoteli nikiwa na gunia la viazi mgongoni, kwa sababu mimi hata nikiwa tajiri namna gani, gunia nitabeba. Daktari akasema nikae. Kukaa sijui. Nilikuwa nimelala kwenye kochi nikipiga simu hotelini kuuliza kama kuna mtu amekoroga maharagwe, na mke wangu akanichoka siku ile ile ya kwanza. Kijana wangu ni mtu wa kuchimba visima, na nyumba yake iko Bungoma. Akaja na mashine mbili za gemu alizonunua kwa mtu aliyerudi kutoka ng'ambo. Ni kitu cha kushika kwa mikono miwili, kioo katikati, vifungo huku na huku. Moja akaniachia, nyingine akarudi nayo kwake.

"Mzee, hii ni gemu ya kupika," akaniambia. "Wewe ukiwa Kitale na mimi Bungoma, tunakuwa jiko moja."

Kunipa mimi gemu ya kupika ni kama kumpa mchungaji gemu ya kuhubiri. Lakini nina ugonjwa mmoja, na ndio ulionifikisha hapa nilipo: kitu nisichokijua kinaniwasha mpaka nikijue. Alipoondoka tu nikaiwasha.

Sikiliza jinsi ilivyo. Oda zinaingia juu ya kioo kwa picha, kwa hivyo hata ambaye hakusoma anaelewa. Nyanya mbili na kitunguu, hiyo ni supu. Unakimbia kuchukua nyanya kwenye kreti, unakata, unatia kwa sufuria, unangoja, unaweka kwa sahani, unapeleka dirishani. Mwenzako anaosha vyombo. Saa inakimbia. Ukisahau sufuria inaungua, moto unashika, na wewe unatafuta mtungi wa kuzimia moto huku oda zimegeuka nyekundu kwa hasira. Nikasema, aliyetengeneza hii kitu amewahi kufanya kazi hotelini. Watu wa nje hufikiri kinachoangusha jiko ni moto au nyama. Ni sahani chafu.

Kulikuwa na mambo mengine yaliyonishangaza. Kulikuwa na chakula cha samaki mbichi aliyefungwa ndani ya wali, nami nikampigia kijana simu kumuuliza kama kweli kuna watu duniani wanakula samaki bila kumwonyesha moto. Akasema wapo, na wanalipa vizuri. Jioni nzima niliwafikiria hao watu. Nilitafuta ugali katika majiko yote ya ile gemu, lile la kwenye barafu, lile la juu ya lori mbili zinazokimbia, na sikuupata. Mpaka leo naona hiyo ni kasoro.

Kijana wangu ni mpishi mbaya. Nampenda, lakini ukweli ni ukweli. Alikuwa akinigonga kila mahali, akitupa nyanya sakafuni, akiacha sufuria iungue huku amesimama kando yake. Mimi ndiye niliyebeba lile jiko. Nyota tulizopata zilikuwa zangu, yeye alikuwa abiria.

Halafu kazi ikampeleka Turkana, mbali huko ndani ambako simu huingia siku moja na kulala wiki. Nikajua gemu imekwisha. Lakini jioni moja niliwasha tu kuangalia, nikaona jiko la Bungoma liko wazi, na mpishi wa upande ule amesimama ananingoja. Nikaingia.

Mkono wa mpishi haujifichi. Kabla oda ya kwanza haijaingia, huyu alikuwa amekwisha panga sahani zote upande wa dirisha. Alikata vitunguu vya oda mbili mbele. Alianza kuosha kabla vyombo havijajaa. Na kitu kilichonishika zaidi ni kwamba hakunigonga hata mara moja. Jiko lilikuwa jembamba, lakini kila nilipotaka kupita yeye alisimama kando mpaka nimalize, ndipo akaendelea. Tulipata nyota tatu. Nimewaajiri wapishi wengi, nikawafukuza wengi zaidi, na huyu ningemwandika kazi jioni ile ile.

Mke wangu alikuwa ameketi hapo akipukuchua mahindi. Nikamuuliza, "Kijana amerudi kutoka Turkana?"

"Atarudije? Si juzi tu ndio simu yake iliingia akiwa huko."

"Na hapa jikoni niko na nani?"

Hakuinua kichwa. "Uko na mama wa mjukuu wako."

Nikaweka ile mashine kwenye kochi polepole, kama mtu anayeweka chini yai.

Hapo lazima nieleze, kwa maana si kila msomaji ametoka kwetu. Mimi ni Mbukusu. Kwetu, mwanamume na mke wa kijana wake huheshimiana kwa kuachiana nafasi. Hawapeani mikono. Hawakai kochi moja. Mimi siingii jikoni mwake, na nikiwa na neno linapitia kwa mtu mwingine. Ndivyo baba yangu alivyoishi na mke wangu, nao walipendana mpaka alipozikwa.

Kijana wangu alioa msichana wa Kikuyu, ambaye wazee wake walitoka upande wa kati wa nchi kitambo wakanunua shamba hapa Trans-Nzoia. Watu wa kazi. Baba yake nilishawahi kununua viazi kwake. Siku aliyoletwa nyumbani mara ya kwanza, alinikuta nimeketi, akanijia moja kwa moja akitabasamu, mkono mbele. Nikafanya kama baba yangu angefanya. Nikatia mikono mifukoni, nikaangalia ukuta, nikahamia kiti kingine. Chakula alichopika nikapelekewa nje, nikakimaliza chote. Nilijiona nimemheshimu mbele ya ukoo mzima. Kumweleza bibi arusi mambo haya ni kazi ya mashangazi wa kijana. Kumbe shangazi mkubwa alidhani mdogo amemweleza, mdogo akadhani ni mkubwa, na mke wangu akadhani huko kwao pia ni hivyo hivyo. Kijana mwenyewe ni hawa wa siku hizi, alifikiri mambo yataelewana yenyewe. Msichana akarudi Bungoma na mkono wake.

Hakuja tena. Mtoto akazaliwa, msichana, na mjukuu wangu nikamwona kwenye simu ya mke wangu. Mke wangu alikuwa akienda Bungoma kuwatembelea, mimi nikibaki, kwa sababu siwezi kwenda kukaa katika nyumba ya mke wa kijana wangu kama mgeni wa kawaida. Mtoto akaanza kutembea nami sijamshika. Mwishowe mke wangu akaniletea neno lenyewe lilivyo: yule msichana anaamini simtaki kwa sababu ya kabila lake, na mtoto wake hatamleta katika nyumba ambayo mama yake hawezi hata kusalimiwa.

Nikasema, mwambie si hivyo.

"Nimemwambia," mke wangu akajibu. "Anasema hayo ni maneno ya mama mkwe ya kutuliza watu. Anataka kuyasikia kwako."

Na kwangu ndiko ambako hayo maneno hayakuwa na njia ya kutokea. Mtu akiniuliza ni kitu gani kilichowahi kunishinda, nitataja hicho, na sitaki aongeze kingine.

Sasa nikawa nimekaa na hiyo mashine kando yangu, nikijiuliza maswali ambayo hakuna mzee aliyewahi kuulizwa. Nimeingia katika jiko la mke wa kijana wangu? Jiko lile ni la nani? Si langu, si lake, ni la kampuni iliyo nchi nisiyoijua. Nimepokea kitu mkononi mwake? Hapana, kwa sababu katika gemu ile unaweka sahani kwenye kaunta, mwenzako anakuja kuichukua. Kaunta iko katikati. Hata nyumbani chakula chake kinawekwa mezani, nami nakila. Nililigeuza hilo jambo kama chapati, upande huu na ule, nikaona limeiva pande zote. Kesho yake jioni nikaingia tena, na yeye alikuwepo.

Tukaendelea hivyo. Mke wangu aliniambia kwamba kijana ndiye aliyemwachia mkewe ile mashine, na kwamba mkewe alijua vizuri ni nani anayepika naye. Mimi nilijua, yeye alijua, na hakuna aliyesema. Kuna kifungo cha kumfanya mpishi apunge mkono. Mimi sikukibonyeza, naye hakukibonyeza. Lakini nilianza kumjua. Kukiwa na moto hapotezi akili. Mimi nikikosea, na nilikosea mara chache sana, hakimbilii kurekebisha mbele yangu. Anangoja nigeuke ndipo anaondoa sufuria iliyoungua. Mtu hujifunza tabia ya mwenzake jikoni upesi kuliko kanisani.

Sasa, apdeti.

Watu wa ile gemu kila baada ya muda huibadilisha kidogo. Wanaongeza jiko, wanapunguza moto, wanarekebisha mahali palipokuwa na kasoro. Kila toleo lina namba yake, imeandikwa kwa herufi ndogo pembeni mwa kioo. Mashine mbili zikiwa na namba tofauti, hazifungui jiko moja. Mimi hayo sikuyajua, kwa sababu nilikuwa nimezima apdeti, na nilikuwa na sababu zangu. Simu yangu ya zamani iliwahi kuapdetiwa ikawa nzito kama ng'ombe mwenye mimba. Rafiki yangu wa duka la mbolea naye aliniambia apdeti ni njia ya kampuni kula bando lako ukiwa umelala. Na zaidi ya hayo, mimi ni mtu wa hoteli. Kitu kinachouzika hakibadilishwi. Madondo yangu, yale maharagwe ya mchuzi, ni yale yale tangu siku nilipofungua.

Jioni moja nikawasha, nikabonyeza kuingia, mashine ikakataa. Ikaandika sentensi ya Kiingereza. Kiingereza changu ni cha oda na cha benki, lakini nikaisoma neno kwa neno mpaka nikaelewa kwamba matoleo hayafanani. Nikabonyeza tena. Nikaizima, nikaiwasha. Kesho yake vile vile, na keshokutwa.

Siku hiyo ya mwisho mke wangu aliingia kutoka nje na simu mkononi, akasimama mbele yangu.

"Umemfanya nini yule mtoto wa watu?"

"Nani? Mimi?"

"Kila jioni anafungua jiko anakungoja, huingii. Ati sasa umegundua ni yeye, ukaondoka. Anasema, hata kwa gemu nimehamiwa kiti."

Nilihisi kama sufuria imenimwagikia. Nilimwonyesha mke wangu ile sentensi ya Kiingereza, naye akaitazama kama mtu anayetazama mvua. Tukajaribu kumpigia kijana, hayupo hewani. Asubuhi nikapelekwa mjini na mguu wangu kwa fundi wa simu, kijana mwenye maneno matamu, akasema dawa ni kufuta kila kitu nianze upya. Nikamwambia aniondolee mikono. Nyota zangu zote nifute? Basi ikabaki njia moja. Aliyejua kuapdeti ile mashine, na aliyekuwa na namba inayotakiwa, alikuwa mtu mmoja tu, naye ni yule nisiyeongea naye.

Mke wangu akampigia. Akaweka laudspika, akaweka simu juu ya stuli kati yetu. Mimi nikageuza kiti nikaangalia dirishani.

"Mwambie," nikamwambia mke wangu, "hapa pembeni kuna namba, na si kama ya kwake."

"Anasema namba si kama yako."

"Nimesikia, Mama. Aende kwa mipangilio," sauti ya yule msichana ikajibu kutoka Bungoma.

"Anasema uende kwa mipangilio."

"Nimesikia. Muulize mipangilio iko wapi."

"Ni pale kwa picha ya kigurudumu, Baba," ile sauti ikasema yenyewe.

"Mwambie asinijibu mimi, akujibu wewe."

Mke wangu akashika kiuno. "Mimi nimegeuka mlingoti wa mtandao katika nyumba yangu. Endeleeni, bana. Mlingoti haulipwi."

Tukaenda hivyo, hatua kwa hatua. Nikapata kigurudumu. Nikawasha apdeti niliyokuwa nimezima. Nikaunganisha waifai. Mashine ikafikiri, ikakataa tena: haina nafasi, imejaa. Mke wangu akafikisha habari. Kutoka Bungoma likaja swali, imejaa nini, kwa sababu gemu yenyewe ni moja tu.

Ile mashine inaweza kurekodi unavyocheza. Mimi nilikuwa nimerekodi.

"Mwambie ni video."

"Anasema ni video."

"Video za nini, Mama?"

"Mwambie ni za kufundishia wapishi wangu," nikasema, na ilikuwa kweli, kwa sababu nilikuwa nikiwaonyesha vijana wa Kimilili jinsi jiko linavyopangwa. Mke wangu hakufikisha hivyo. Aliinama juu ya simu akasema, "Ni video za Baba yako akishinda."

Nikasikia kicheko. Kilikuwa kicheko cha mtu aliyejaribu kukizuia kikampita. Sikuwahi kukisikia. Alipomaliza akauliza, polepole kidogo, "Na mimi niko ndani?"

"Uko," nikasema. "Kila moja uko."

Mke wangu akanitazama. Hapo ndipo nilipogundua kwamba nimemjibu mwenyewe, bila mlingoti.

Nilizifuta zile video. Inamuuma mtu kufuta ushindi wake, lakini nilizifuta, moja baada ya nyingine, na kila moja nikimwona mpishi wa pili akisimama kando ili nipite. Nafasi ikapatikana. Mstari mdogo wa kijani ukaanza kutembea kwenye kioo, polepole kama konokono kwenye jani la sukuma. Mtandao wa kwetu jioni ni hivyo. Hakukuwa na la kufanya ila kungoja, na simu ilikuwa bado iko hewani.

"Baba," ile sauti ikasema. "Naweza kuuliza kitu?"

Mke wangu akachukua beseni lake la mahindi akaenda kukaa mlangoni. Nikajua ameniacha makusudi.

"Uliza."

"Siku ile, mkono wangu ulikuwa na nini?"

Nimezungumza mbele ya machifu, nimebishana na watu wa afya ya umma wakiwa na karatasi zao, sijawahi kukosa neno. Pale nikalitafuta. Nikamwambia mkono wake haukuwa na kitu. Nikamweleza yale niliyoeleza hapo juu, ya baba yangu na mke wangu, ya kuachiana nafasi. Nikamwambia mashangazi ndio walitakiwa kumwambia, na kila mmoja alimwachia mwenzake. Nikamwambia hivi:

"Mkono huu ninampa kila mtu. Nampa adui yangu pale sokoni kila asubuhi. Wewe ndiye sikukupa, kwa sababu wewe si kila mtu."

Nikasikia mtoto anaongea kwa nyuma, maneno yasiyoeleweka, halafu kitu kikaanguka huko.

"Kwetu mtu akininyima mkono najua amenikataa," akasema. "Miaka yote hii nimekuwa nikijiuliza nilikosa nini."

"Hukukosa."

"Sasa kama hiyo ndiyo heshima, siku ukinikasirikia kweli nitajuaje?"

Sikufikiri. "Siku hiyo nitakusalimia."

Mke wangu akacheka kule mlangoni mpaka mahindi yakamwagika. Na kwenye simu pia wakacheka, yeye na nafikiri hata mtoto, bila kujua anacheka nini. Mimi sikucheka, maana mtu aliyesema jambo zuri anatakiwa kutulia.

Mstari wa kijani ukafika mwisho. Mashine ikajizima, ikajiwasha, na pale pembeni namba ikawa mpya. Nikamsomea, akasema ndiyo hiyo hiyo. Nikabonyeza kuingia, jiko likafunguka.

Na hapa ndipo nilipoanza kuheshimu hiki kitu kinachoitwa apdeti, na pia kukishuku. Walikuwa wameongeza jiko jipya, limegawanywa katikati na mto. Kaunta hakuna. Mpishi mmoja yuko ng'ambo hii na mwingine ng'ambo ile, na kuna daraja dogo ambapo mmoja anasimama na sahani, mwingine anakuja, na ile sahani inatoka mkono kwa mkono. Ndivyo ilivyotengenezwa. Watu wa huko mbali walikaa wakafikiri, wakaona wapishi wanachohitaji ni kupeana mikononi.

Mpishi wake akaja mpaka darajani na supu, akasimama. Mpishi wangu alikuwa hatua mbili kutoka hapo. Hakuna aliyesogea. Oda juu zikaanza kuwa nyekundu.

"Baba," akasema kwenye simu, "na hii je?"

Kusema kweli sikujua. Nililiangalia lile swali kwa hamu, kwa sababu lilikuwa jipya kabisa, halikuwahi kuulizwa tangu Wabukusu wawe Wabukusu. Yule mpishi ni mimi au si mimi? Akishika, nimeshika? Lakini hoteli haingoji mtu akafikiri.

"Weka chini," nikasema.

Akaweka sahani sakafuni, akarudi nyuma. Nikaja nikaiokota. Kazi ya hatua moja ikawa ya hatua nne, na wageni wakaondoka mmoja mmoja bila kula. Tulipata nyota moja. Mimi, nyota moja! Na sikumbuki jioni niliyopika kwa raha kama ile.

Kesho yake niliwauliza wenzangu wawili wanaokunywa chai kwangu hotelini, wazee wa rika langu, kama mtu na mke wa kijana wake wanaweza kupeana sahani ndani ya kioo. Mmoja akasema kioo ni picha na picha haina mkono. Mwingine akasema basi kwa nini watu hutukanwa kwenye simu wakalia kweli. Wakabishana mpaka chai ikapoa. Nikaona hawanisaidii, nikarudi kwa mashine yenyewe, nikaijaribu kifungo kwa kifungo kama ninavyojaribu jiko jipya la gesi, mpaka nikagundua kwamba ile apdeti imeleta pia kurusha. Unashika kitunguu, unabonyeza muda kidogo, kinaruka mto chenyewe. Kilichorushwa hakikupeanwa. Jioni ile tukapata nyota mbili, na kila apdeti iliyofuata niliisubiri mimi mwenyewe. Sasa mimi ndiye ninayempigia, kupitia kwa mke wangu, kumwambia namba imebadilika asije akaachwa nyuma.

Lakini nyota hazikuwa jambo lenyewe. Jambo lenyewe lilikuwa kama atakuja. Sikumuuliza. Mtu ukimwalika mara ya pili baada ya jambo kama lile, unamlazimisha, na mimi nilitaka aje kwa miguu yake. Mke wangu akaniambia nisiulize, nami kwa mara moja nikamtii.

Jumapili moja baada ya kanisa nilikuwa kivulini mwa nyumba nikijaribu kutembea bila fimbo, nikasikia geti. Alikuwa yeye, na mtoto mgongoni, na kapu la viazi vya kwao. Alinipita mbali, akizunguka upande wa ukuta, akaenda moja kwa moja kwa mke wangu. Mtoto akashushwa. Kwa mjukuu hakuna mwiko wowote. Akanijia mbio, akasimama, akaangalia mguu wangu mbovu, akaupiga kofi. Nikambeba. Ni mzito kuliko anavyoonekana kwenye simu.

Mama yake alipika, nikala, na kusema kweli chumvi yake ni ya mkono mzuri. Mchana wote hatukusemezana. Mtoto alilala kifuani kwangu, nami nikakaa bila kujigeuza, mimi nisiyejua kukaa.

Jioni, wakati wa kuondoka, mke wangu akawasindikiza. Mtoto nikamkabidhi kwa mke wangu, naye akamkabidhi kwa mama yake, kama inavyotakiwa. Nikabaki nimesimama barazani. Alipofika getini yule msichana akageuka. Alikuwa mbali nami, uwanja mzima uko katikati yetu. Akaweka mikono yake yote miwili nyuma ya mgongo, chini ya mtoto, akainama kidogo.

"Baba, tumeenda," akasema.

"Nendeni salama, mama," nikasema.

Halafu akafungua geti mwenyewe, na nikamsikia akimwambia mke wangu huko nje kwamba likizo ya Agosti watakuja kukaa wiki nzima, na mimi sitahitaji kuhama kiti, yeye atachagua cha mbali.